Tarakimu za Kaktovik

Kijiji cha Kaktovik kina watu wasiofika 300. Kipo kwenye kisiwa cha Barter, kando ya Bahari ya Beaufort, kaskazini kabisa mwa Alaska, nyuzi 70 kutoka ikweta. Barabara ya kufika huko haipo. Watu huenda kwa ndege ndogo, na mizigo mizito huja kwa tishari wakati wa kiangazi, barafu ya baharini ikishalegea. Jua likizama Novemba halionekani tena hadi Januari. Wawindaji wa pale wana kibali cha nyangumi watatu kwa mwaka, na mifupa inayoachwa ufukweni huwavuta dubu weupe mpaka jirani na nyumba za watu. Wenyeji ni Waiñupiat, wale ambao vitabu vyetu vya zamani vya jiografia vilikuwa vikiwaita Waeskimo.

Mimi ni mwalimu wa hisabati katika sekondari ya kata huku Masasi, Tanzania, na barafu pekee niliyowahi kuishika ni ya kwenye friji. Sina ndugu Alaska wala nauli ya kunifikisha. Yote ninayoyajua kuhusu Kaktovik nimeyasoma, na nimeyasoma kwa sababu mwaka 1994 wanafunzi tisa wa shule ya kijiji hicho walikaa na mwalimu wao wa hisabati wakatunga tarakimu mpya. Walitunga alama mpya kabisa, zenye sifuri yao na utaratibu wao, na ukizitumia kujumlisha au kugawanya zinakupa jibu sahihi. Nimesomesha miaka mingi, na bado sijakutana na darasa jingine lililofanya kitu kama hicho.

Shule yenyewe ni ya serikali na inaitwa Harold Kaveolook, kwa heshima ya mwalimu Mwiñupiaq aliyefundisha hapo zamani. Inabeba madarasa yote pamoja, kuanzia chekechea hadi mwisho wa sekondari. Mtoto anaingia akiwa hajui kufunga viatu na anatoka akiwa na cheti cha kidato cha mwisho, kwenye mlango uleule. Wanafunzi wote kwa jumla ni dazeni chache. Mimi ninayesimamia mikondo iliyofurika, dazeni chache nazipata kwenye safu mbili za mbele.

Siku moja mwaka huo wa 1994 wale tisa, wanafunzi wa madarasa ya kati, walikuwa wakijifunza na mwalimu wao William Bartley kuhusu namna mbalimbali za kuhesabu. Walikuwa kwenye hesabu ya mbili-mbili, ile inayotumiwa na kompyuta, mmoja wao alipogundua kwamba lugha yao wenyewe haihesabu kumi-kumi kama ubao wa darasani unavyotaka. Kiiñupiaq huhesabu kwa ishirini. Vidole vya mkono mmoja vinatoa tano, mikono yote miwili kumi, ukiongeza mguu mmoja ni kumi na tano, na ukimaliza vidole vyote vya mikono na miguu umefika ishirini, ambayo kwao ni mtu kamili. Baada ya hapo unaanza mtu wa pili. Nambari 40 ni ishirini mbili.

Kwa anayehesabu hivyo, kuandika 38 ni usumbufu. Anaposema anasema ishirini moja na kumi na nane. Anapoandika analazimika kuvunja kila kitu na kukipanga upya kwa makumi. Mtoto wa miaka sita anafanya tafsiri hiyo kichwani kabla hata hajaanza kujumlisha. Ni rahisi achoke mapema, na mwalimu asiyejua lugha yake aandike kwenye ripoti kwamba mtoto ni mzito wa hisabati.

Hapo ndipo bibi yangu, Myao wa Tunduru, alipoingia kichwani mwangu. Akihesabu mafungu ya korosho hakuwa na neno la pekee la tisa. Alisema msano na mcheche, tano na nne. Sita ilikuwa tano na moja. Sisi wajukuu tuliosoma tulimcheka, tukidhani ni uzee. Kumbe bibi alikuwa na ngazi ya tano ndani ya hesabu ya kumi, kama vile Waiñupiat walivyo na ngazi ya tano ndani ya ishirini. Angekaa na wale watoto tisa wangeelewana upesi kuliko mimi.

Jaribio lao la kwanza lilikuwa la kiraka. Walichukua tarakimu kumi tunazozijua, wakabuni kumi nyingine za kuongezea ili zifike ishirini. Ikawa tabu; hata wenyewe waliozibuni walizisahau. Wakaziweka kando na kuanza upya, safari hii kwa kujiwekea masharti kwanza. Alama ziwe rahisi kukumbuka. Umbo la kila alama lihusiane wazi na idadi inayowakilishwa. Ziandikike haraka, ikiwezekana bila kunyanyua kalamu. Zisifanane na tarakimu za kawaida, watu wasije wakachanganya. Na sharti ninalolipenda kuliko yote: ziwe nzuri kwa macho. Katika mitaala yote niliyopitishwa kwenye semina sijaona mahali hesabu ilipotakiwa ipendeze.

Walichopata ni hiki. Moja ni kijiti kimoja kilichosimama kwa kuinama kidogo. Mbili ni vijiti viwili vilivyoungana chini, umbo la V. Kwenye tatu kinaongezeka kijiti kingine, nne ni kama W. Yote kwa mkupuo mmoja wa kalamu, ikipanda na kushuka. Tano ni mstari mmoja wa kulala, unaokaa juu. Kumi ni mistari miwili ya juu, kumi na tano ni mitatu. Darasani kwangu hiyo mistari ya juu tunaiita kofia, na vile vya chini vijiti. Saba ni kofia moja na vijiti viwili. Kumi na tisa, ambayo ndiyo kubwa ya mwisho, ina kofia tatu na vijiti vinne. Ukiangalia alama huna haja ya kukariri thamani yake, unaisoma palepale.

Sifuri iliwapa kazi, kwa sababu hesabu yao ya jadi haikuwa nayo. Wakaichora kwa mfano wa mikono iliyopishanishwa, ishara ya kwamba hakuna kitu.

Kuna jambo dogo katika habari hii ambalo mtu asiyefundisha anaweza kulipita. Wale tisa walipoanza kuwafundisha wadogo zao wa madarasa ya chini, wale wadogo wakawa wanaziminya alama ili zienee kwenye kisanduku kimoja cha daftari: sehemu ya tano-tano ikakaa juu, iliyobaki chini. Wakubwa hawakuwa wamezipanga kwa unadhifu huo. Wakaona, wakakubali. Kwa hiyo umbo la leo limetoka kwa watoto wa umri wa kuchezea penseli, na limewezekana kwa sababu wakubwa na wadogo walikuwa chini ya paa moja. Katika mfumo wetu mtoto wa darasa la pili na kijana wa kidato cha pili hawakutani kwenye somo lolote, wanakutana kisimani.

Kisha wakaingia karakana ya shule wakatengeneza abakasi zao. Kila mstari ulikuwa na shanga tatu juu, za tano-tano, na nne chini, za moja-moja. Zote zikisukumwa ni kumi na tisa, ukiongeza moja unahamia mstari wa pili. Mtoto anasukuma shanga, kisha anaandika alichokisukuma, na kilichoandikwa kinafanana na kilichosukumwa. Sisi tunamfundisha mtoto abakasi, halafu tunamwambia kwamba shanga saba zinaandikwa 7, umbo ambalo halina saba yoyote ndani yake.

Niliipeleka kwenye mkondo mmoja wa Kidato cha Kwanza, kipindi cha mwisho, wakati ambapo hata mimi huwa nasikiliza kengele. Nikachora ubaoni 7 na 6 za Kaktovik, nikawaambia wajumlishe bila kunitajia namba yoyote. Saba ina kofia moja, sita ina kofia moja: kofia mbili. Vijiti viwili na kijiti kimoja: vijiti vitatu. Wakachora kofia mbili na vijiti vitatu, ambayo ni 13. Hakuna aliyehesabu kwa vidole. Nikawapa 18 wagawanye kwa 3. Binti mmoja anayependa kukaa karibu na dirisha, asiyenyoosha mkono hata ukimbembeleza, akainuka mwenyewe akachukua chaki. Kumi na nane ni kofia tatu na vijiti vitatu. Akachora duara kuzunguka kofia moja na kijiti kimoja, akarudia kwa pili, akarudia kwa tatu. "Sita," akasema, akarudi kukaa. Ukiitazama 18 tuliyoizoea, hiyo 1 na hiyo 8, ile sita imejificha wapi?

Kijana mmoja akaniuliza, "Madam, hizi zitatoka kwenye mtihani?" Nikamjibu hazitatoka. Nusu ya darasa ikaweka kalamu chini. Nusu nyingine ikaendelea, na kwa kipindi cha mwisho mimi hiyo nusu naihesabu kama ushindi.

Thamani ya nafasi inafanya kazi kama kwetu, ila badala ya mamoja, makumi na mamia, kuna mamoja, maishirini na mamia-nne, kwa kuwa ishirini mara ishirini ni 400. Tukajaribu mwaka wa Uhuru. 1961 ina mia-nne nne, ambazo ni 1,600. Inabaki 361, yenye ishirini kumi na nane, ambazo ni 360. Inabaki moja. Kwa hiyo 1961 inaandikwa kwa alama tatu tu: nne, kumi na nane, moja.

Kule Kaktovik matokeo yalionekana kwenye mitihani. Kabla ya tarakimu hizo alama za wanafunzi wa madarasa ya kati katika mtihani sanifu wa hisabati ziliwaweka chini kabisa, kwenye ile moja ya tano ya mwisho kitaifa. Kufikia 1997 walikuwa juu ya wastani wa Marekani nzima. Mwalimu yeyote mwaminifu atakwambia darasa la watu wachache hivyo linaweza kuruka au kuanguka kwa sababu ya vijana wawili tu, kwa hiyo mimi siijengei nyumba hiyo takwimu. Hata hivyo, mtoto aliyetunga tarakimu mwenyewe ni vigumu tena kumshawishi kwamba hisabati ni mali ya watu wengine.

Mwaka 1996 tume ya eneo lao inayoshughulikia historia, lugha na utamaduni wa Waiñupiat ilizipitisha rasmi. Mwaka 1998 baraza linalounganisha jamii za Inuit, Waiñupiat wakiwemo, za Alaska, Kanada, Greenland na Urusi likazikubali na kuhimiza zitumike.

Swali lililobaki kichwani mwangu muda mrefu ni jingine: ilikuwaje kijiji cha watu 300 kikawa na sekondari? Hata hapa kwetu, kabla ya Mpango wa Maendeleo ya Elimu ya Sekondari (MMES) wa 2004 kujenga shule za kata, wilaya nzima ilijivunia sekondari moja au mbili, na mtoto aliyefaulu alibeba sanduku la bati akaenda mbali. Huko kaskazini ilikuwa hivyohivyo na kuzidi. Hadi miaka ya 1970 mtoto wa kijiji cha Alaska aliyemaliza msingi alisafirishwa hadi shule za bweni kama Mt. Edgecumbe kule Sitka, kusini-mashariki mwa jimbo, au Chemawa jimboni Oregon, maelfu ya kilomita kutoka nyumbani. Alikaa huko mwaka mzima wa masomo, msimu wa nyangumi ukimpita. Katika shule za serikali za vizazi vya nyuma kusema Kiiñupiaq kulileta adhabu; wasomaji waliowahi kuvalishwa kibao shingoni kwa kosa la kusema Kiswahili watajua nazungumzia nini.

Sehemu kubwa ya Alaska ilipata sekondari za vijijini kupitia mahakama. Binti wa Kiyup'ik kutoka kijiji cha Emmonak, Molly Hootch, jina lake liliongoza orodha ya walalamikaji katika kesi iliyofunguliwa 1972 dhidi ya jimbo, wakidai sekondari katika vijiji vyao. Mwaka 1976 pande mbili zilikubaliana, na jimbo likaahidi sekondari kwa vijiji 126 vilivyozitaka. Kesi hiyo inajulikana mpaka leo kwa jina la binti huyo.

Kaktovik ilipitia njia tofauti, njia ya mafuta. Mwaka 1968 mafuta mengi yaligunduliwa Prudhoe Bay, upande wa magharibi wa kijiji. Waiñupiat wakaona utajiri unapita juu ya ardhi yao kama kundi la ndege. Mwaka 1972 wakaunda serikali yao ya mitaa, North Slope Borough, yenye eneo linalokaribia robo ya Tanzania na vijiji vinane tu. Kampuni za mafuta zilikwenda mahakamani kuipinga zikashindwa, na mitambo yao ikaanza kulipa kodi ya majengo kwa watu wa pale. Meya wa kwanza alikuwa Eben Hopson, mtu ambaye ujanani mwake alinyimwa nafasi ya kwenda sekondari. Sina haja ya kueleza alichokifanya na zile fedha. Alichukua usimamizi wa shule kutoka serikali kuu, na kila kijiji kikapata mahali pa kumfikisha mtoto hadi mwisho wa sekondari bila kumpandisha ndege.

Huku kwetu shule za kata zilichekwa. Ziliitwa yeboyebo, na walimu walioandaliwa harakaharaka kuzijaza wakaitwa vodafasta. Kulikuwa na sababu za kucheka. Nimefundisha kwenye chumba kisicho na madirisha na kitabu kimoja kwa dawati zima. Ila waliokuwa wakicheka walikuwa wakifikiria jengo. Mimi nafikiria yule anayerudi nyumbani jioni, anayesikia bibi anavyohesabu, kisha asubuhi anakaa kwenye somo la hisabati. Wale watoto tisa wangekuwa bwenini Oregon, nani angegundua kwamba ishirini yao haikai sawa kwenye ubao? Wangekuwa watoto wachache katikati ya mamia, wakijitahidi wasionekane tofauti.

Kijana wetu huyo wa kata naye anapofika Kidato cha Kwanza, kila alichojifunza kwa Kiswahili kinageuka Kiingereza asubuhi moja. Saba mara nane aliyoiimba miaka saba anaisikia kama wimbo wa redio ya mbali. Anaijua, lakini inabidi aitafute. Hilo tunaliita kupanda daraja.

Tarakimu za Kaktovik hazikushinda vita vyote. Sheria ya elimu ya Marekani iliyosainiwa mwanzoni mwa 2002 iliweka uzito mkubwa kwenye mitihani sanifu, na mitihani hiyo haina kofia wala vijiti. Walimu wakarudi kwenye kinachopimwa, matumizi yakapungua. Mapema mwaka 2020 moto uliteketeza jengo la shule. Hata hivyo, mwezi Septemba 2022 tarakimu hizo ziliingizwa rasmi kwenye Unicode, ule mfumo wa dunia unaoamua ni alama zipi kompyuta na simu zinaweza kuandika. Sasa zina makazi yake humo pamoja na herufi za Kiarabu, Kihindi na Kichina.

Nilipokuwa nasimulia haya kwenye chumba cha walimu, mwenzangu wa fizikia alikuwa anakoroga chai bila kuniangalia. "Madam, ishirini ishirini nimeelewa," akasema. "Sasa niandikie theluthi." Yeye ni mtu wa namna hiyo, hakubali kitu mpaka akione kinavunjika. Tukachukua karatasi. Kwa kumi-kumi theluthi ni tatu zisizoisha. Kwa ishirini, nusu ni kumi, robo ni tano, moja ya tano ni nne, zote zinakaa vizuri kwenye alama moja baada ya nukta. Theluthi haikai: inatoka sita, kisha kumi na tatu, kisha sita tena, kumi na tatu tena, bila mwisho. "Nilijua," akasema, akiwa ameridhika.

Nikamwambia ajaribu moja ya saba. Kila mwanafunzi aliyewahi kuigawanya kwa mkono anaikumbuka kwa uchungu, tarakimu sita ndefu, 142857, ndipo inaanza kujirudia. Akagawanya. Mbili, kumi na saba. Akaendelea kidogo. Mbili, kumi na saba. Alama mbili tu, zinajirudia. Akaigeuza karatasi, akaanza tena upande wa pili kuhakikisha, na kengele ya kipindi chake ilikuwa imeshalia.